Barua ya wazi kwa waheshimiwa wa Zeist: mwambieni mwanangu mapema kama mkataba wake unaendelea

Kwa viongozi wa KNVB, shirikisho la soka la Uholanzi, mlioko Zeist, wakurugenzi wa vilabu vya daraja la kwanza la Uholanzi, na chama cha wachezaji VVCS.

Waheshimiwa, nawasalimu. Mlionizidi umri, shikamooni. Mlio rika la mwanangu, marahaba, hata kama hamjaniamkia.

Naandika kwa Kiswahili kwa makusudi. Kiholanzi changu kinatosha kazini, dukani na kwa daktari, lakini nikikasirika kinanikimbia, nabaki na maneno ya kuombea chumvi. Mtafuteni wa kuwatafsiria, hawakosekani hapa. Sababu ya pili ni wazazi wa nyumbani wanaonipigia simu kila likizo ya shule wakiniuliza njia ya kumleta kijana wao acheze Ulaya. Nao nataka wasome.

Mimi ni mzaliwa wa Tanga. Nimekaa Uholanzi miaka 31, kazi yangu ni kuhudumia wazee majumbani. Mume wangu ni Mholanzi, na mtoto wetu wa pili ni beki wa kulia. Ana miaka 28 na ameshavaa jezi za timu saba. Jina lake silitaji, wala timu zake sizitaji, maana huenda karibuni akaitafuta ya nane, na sitaki milango ifungwe kwa sababu ya mdomo wa mama yake.

Nianzie kwenye mashine ya kufulia. Timu ikiwa na mtunza vifaa, jezi hufuliwa klabuni. Timu nyingine humwachia mchezaji afue mwenyewe nguo za mazoezi, na mchezaji anayehama kila mwaka humwachia mama. Basi nyasi bandia zile zina chembe nyeusi za mpira, ndogo kama punje za ulezi. Zinaingia kwenye soksi, zinajikunja ndani ya pindo la kaptura, zinaziba kichujio cha mashine. Mwaka jana fundi alifungua kichujio, akamimina kiganjani, akaniuliza kama nafuga paka. Nikamwambia hapana, nafuga mchezaji. Miaka tisa nazoa chembe hizo, na kwa chembe hizo najua mwanangu yuko timu gani, kwa sababu za uwanja mmoja ni nyeusi tii na za mwingine zina rangi ya kahawia.

Alichukuliwa na klabu kubwa akiwa na miaka tisa. Gari dogo jeupe lilikuwa linamfuata shuleni, majirani wanachungulia dirishani. Akiwa na miaka 17 akaachwa. Nyumbani siku hizi wanasema amepewa "thank you". Sikulalamika. Klabu kubwa huanza na watoto wengi na kumaliza na wawili watatu, hilo kila mzazi analijua hata kama hataki kulijua. Lalamiko langu halihusu mlango ule wa mbele. Linahusu ukumbi wa nyuma, wanakokaa waliotoka kwenye mlango ule na bado wanakula kwa miguu yao.

Kwa wasomaji wa nyumbani: mkisikia mpira wa Uholanzi mnafikiria Ajax, mnafikiria PSV na Feyenoord. Chini yake kuna daraja la kwanza, timu 20, mechi 38, nyingi zikichezwa Ijumaa usiku katika miji ambayo hata ndege haipiti juu yake: Emmen, Oss, Helmond, Doetinchem, Kerkrade. Chini zaidi kuna daraja la pili lililorudishwa mwaka 2016, timu 18, vilabu vya vijiji na wavuvi kama Katwijk na Spakenburg, watu wanaofanya kazi mchana na mazoezi usiku. Msiwadharau. Mwaka 2023 Spakenburg iliipiga FC Utrecht ya ligi kuu 4–1 kwenye robo fainali ya Kombe la KNVB, tena kwa Utrecht kwao. Na mashabiki wa Yanga wanaomkumbuka Hans van der Pluijm, aliyewapa ubingwa 2015 na 2016, wajue mzee yule enzi zake alikuwa golikipa wa Den Bosch, timu ambayo leo inapiga mechi zake za Ijumaa huko huko daraja la kwanza.

Huko ndiko mwanangu anakoishi. Nasema anakoishi kwa sababu neno "kucheza" halitoshi.

Mwaka wake wa kwanza alicheza kwa mkataba wa ridhaa. Maana yake, waheshimiwa mnaijua kuliko mimi: daraja la kwanza, televisheni ipo, tiketi zinauzwa, na mchezaji analipwa nauli na posho. Kaka yangu alicheza mchangani Tanga enzi zile Coastal Union wanachukua ubingwa wa 1988, na malipo yake yalikuwa soda na nauli. Nilimpigia simu nikamweleza mkataba wa mpwa wake. Alicheka mpaka akakohoa. "Kwa hiyo mmevuka bahari kufuata soda yetu?"

Mwaka wa pili akapata mkataba wenye mshahara, kima cha chini cha vijana, ambacho nchi hii ni kidogo kuliko cha mtu mzima. Mwaka mmoja. Kisha timu nyingine, mwaka mmoja na mwingine wa kuongezewa, katikati akatolewa kwa mkopo. Akiwa na 23 goti likaenda. Akapona, akapata timu ya nne. Akavuka mpaka kwenda Ujerumani daraja la nne, akarudi akacheza daraja la pili hapa huku asubuhi akipanga vifurushi ghalani kuanzia saa kumi alfajiri. Msimu huu amerudi daraja la kwanza. Mkataba wa mwaka mmoja. Unaisha tarehe 30 Juni, kama yote iliyotangulia.

Na hapa ndipo barua yangu ilipo. Leo ni wiki ya pili ya Februari na hajui. Hajaambiwa anabaki, hajaambiwa anaondoka. Nikimuuliza ananijibu, "Mama, bado mapema." Nani kamfundisha kwamba ni mapema?

Mwaka mmoja, timu naihifadhi, aliambiwa tarehe 28 Mei. Aliitwa ofisini kwa dakika nne, alizihesabu kwa saa ya ukutani kwa sababu hakutaka kumwangalia mkurugenzi usoni. Akaambiwa yeye ni kijana mzuri sana, mfano wa kuigwa kwenye chumba cha kubadilishia nguo, na wanamtakia kila la heri. Akaenda kuchukua viatu vyake. Kwenye kabati kile kibandiko chenye jina lake kilikuwa kimeshabanduliwa, gundi imebaki na vumbi limeshaanza kuishika. Gundi haishiki vumbi kwa dakika nne, waheshimiwa. Kuna mtu alikuwa anajua tangu siku kadhaa.

Sheria ya kazi ya nchi hii iko wazi: mwenye mkataba wa muda wa miezi sita au zaidi ni lazima aambiwe kwa maandishi, angalau mwezi mmoja kabla ya kuisha, kama anaendelea au haendelei. Mwajiri asipofanya hivyo analipa faini ya hadi mshahara wa mwezi. Ni sheria nzuri kwa mpanga vifurushi. Mpanga vifurushi akiambiwa mwisho wa Mei kwamba basi, Jumatatu anavuka barabara, ghala la pili linamchukua. Beki wa kulia hana ghala la pili mtaani. Klabu ya jirani ina beki wa kulia wake. Nafasi zote nchini unaweza kuzihesabu kwa vidole vya mikono na miguu, na nyingi zimeshajazwa kabla ya Mei, kwa sababu kanuni za FIFA zinamruhusu mchezaji aliyebakiza miezi sita kuzungumza na timu nyingine. Yaani kuanzia Januari soko liko wazi. Anayejua kwamba anaondoka anaingia sokoni asubuhi, nyanya bado mbichi. Mwanangu anaingizwa jioni, wakati watu wanafagia.

Tena asipojua, hathubutu hata kuuliza. Wakala wake akianza kupiga simu huku na huko mwezi wa pili, habari inarudi klabuni kwamba kijana moyo wake haupo hapa, na benchi linamngoja. Basi anakaa kimya, anakimbia, anasubiri. Nimeuona uso wake kila Machi tangu akiwa na miaka 20. Anapungua kilo.

Nyumba nayo. Klabu inampangia chumba mjini kwao, na chumba kinaisha siku mkataba unapoisha. Sasa ana mke na binti wa miaka mitatu. Walikwenda benki kuulizia mkopo wa nyumba. Benki ikataka ajira ya kudumu, au barua ya mwajiri kwamba mambo yakienda hivi atamwajiri moja kwa moja. Niambieni ni klabu gani ya daraja la kwanza inayoandika barua hiyo kwa beki. Kwa hiyo kila Juni tunakwenda supamaketi kuomba maboksi ya ndizi, yale yenye matundu pembeni ya kushikia. Waholanzi wote huhama kwa maboksi hayo. Mimi niliyekulia kati ya migomba sikuwahi kuona ndizi nyingi kama ninavyoona maboksi yake.

Mtasema: mama, sisi wenyewe hatujui. Hatujui tutamaliza nafasi ya ngapi, hatujui mdhamini atabaki, hatujui kocha atakuwa nani. Nawaelewa, na sitanii. Naijua historia ya ligi hii kwa sababu imetulaza macho. Haarlem, mabingwa wa nchi wa 1946, klabu alikoanzia soka la kulipwa Ruud Gullit, ilifilisika Januari 2010, katikati ya msimu. RBC Roosendaal ikafuata mwaka 2011. Mwaka 2013 zikaanguka mbili ndani ya msimu mmoja, AGOVV ya Apeldoorn na Veendam. Klabu inayoishi mwezi kwa mwezi haiwezi kuahidi miaka. Lakini mimi siombi miaka. Naomba tarehe. Kumwambia mtu "hatukuhitaji" hakuna gharama hata senti moja. Kumwambia "bado hatujaamua, ruksa kutafuta kwingine" pia ni bure.

Tena sioni kuwa hamjui. Ninyi mnajua sana kupanga mnapotaka. Zile nafasi zilizoachwa wazi mwaka 2013 mlizijaza upesi: Jong Ajax, Jong PSV, Jong Twente, timu za vijana wa vilabu vikubwa, pamoja na Achilles '29 ya kijiji cha Groesbeek. Achilles ikashuka 2017, na nani akapanda kuchukua nafasi yake? Jong AZ. Leo timu nne kati ya 20 ni za vijana wa wakubwa: Ajax, PSV, AZ na Utrecht. Haziruhusiwi kupanda ligi kuu hata zikishinda kila kitu. Jong Ajax ilishika nafasi ya kwanza msimu wa 2017/18, ikabaki pale pale. Kwa vijana wenyewe ni shule nzuri, sina ubishi, na wakati fulani nilitamani wangu awe mmoja wao. Ila hesabu ni hesabu: timu nne ni mabeki wa kulia wanne, na wanne tena wa akiba, ambao hawahangaiki na tarehe 30 Juni kwa sababu mama yao ni klabu kubwa. Mwanangu anakimbizana na vijana wa timu hizo kwenye winga, kijana wa miaka 18 mwenye mkataba wa miaka mitatu dhidi ya baba wa mtoto mwenye mkataba wa miezi minne iliyobaki. Sioni kama ni mchezo mmoja, ingawa mpira ni ule ule.

Na msiniambie kwamba mchezaji mzuri hana cha kuogopa. Agosti 2010 Johan Voskamp, ametoka Helmond, alivaa jezi ya Sparta kwa mara ya kwanza kwenye ligi hii, akaifunga Almere City mabao manane. Manane, mechi moja, mechi ya kwanza! Sparta ikashinda 12–1. Mwaka uliofuata alikuwa Wrocław, Poland. Kama mabao manane hayamjengei mtu nyumba mahali pamoja, beki anayezuia krosi atapata nini?

Nikumbushe pia kiangazi cha 2025. Vitesse ya Arnhem ilinyang'anywa leseni, kesi ikaenda mahakamani, na Septemba mahakama ya rufaa ikairudisha. Magazeti yalijaa habari za wamiliki, madeni na mashabiki waliolia. Mimi nilikuwa nawaza vijana wa pale waliokaa Agosti nzima hawajui kama wana kazi. Sina la kusema kuhusu nani alikuwa na haki. Nasema tu kwamba kila mtu alikuwa na tarehe yake: kamati ilikuwa nayo, mawakili walikuwa nayo, majaji walikuwa nayo. Aliyekuwa hana ni mwenye viatu.

Kuna mazuri, na sitaki niitwe mama wa kulalama. Goti lilipokwenda, mkataba uliisha akiwa bado anatembelea magongo, na UWV, shirika la serikali la bima ya wafanyakazi, ikamlipa asilimia 70 ya mshahara wakati wa ugonjwa. Nyumbani hilo hakuna, kaka yangu alijitibu kwa mchango wa mtaa. Tangu mwaka 1972 upo mfuko wa wachezaji, CFK, unaomlazimisha mchezaji kuweka sehemu ya mapato ili akistaafu alipwe kidogo kidogo kila mwezi. Aliyeubuni Mungu ambariki. Lakini mfuko hauwezi kutoa usichoweka, na mwenye kima cha chini anaweka nini? Na Telstar, jamani. Juni 2025, baada ya miaka 47 ya kukaa chini, wale jirani wa viwanda vya chuma walipanda ligi kuu. Mwanangu hakuwa na uhusiano wowote nao, na tulipiga vigelegele sebuleni mpaka mtoto akaamka.

Kwa hiyo ombi langu ni moja, na nimeligeuza kila upande nikaona halina mwiba. Wekeni katika kanuni za leseni kwamba kila mchezaji wa daraja la kwanza ambaye mkataba wake unaisha Juni, na mwenye mkataba wa ridhaa pia, apewe jibu kwa maandishi kabla ya tarehe 1 Machi. Jibu liwe mojawapo ya matatu: tunakuhitaji, hatukuhitaji, au hatujui na uko huru kutafuta bila kuadhibiwa. Klabu isiyotoa jibu imlipe na kumwachia nyumba mpaka dirisha la usajili la kiangazi lifungwe. Hamtatumia fedha kama mtatumia ulimi. VVCS, ninyi mna meza ya mazungumzo, mimi nina meza ya kunyooshea nguo tu. Lipelekeni.

Nanyi mnaonipigia simu kutoka Temeke, Kisumu na Goma: nimewaambia kwa simu, sasa nawaandikia. Mchezaji kutoka nje ya Ulaya, akishatimiza miaka 20, klabu ya hapa inatakiwa imlipe angalau asilimia 150 ya wastani wa mishahara ya ligi kuu. Timu za daraja la kwanza hazina fedha hizo. Mtu akiwaambia ana nafasi ya kijana wenu kwenye timu ndogo ya Uholanzi, alete barua ya usajili kwanza, na awalipie yeye nauli, msimlipe ninyi. Wanangu wana pasipoti ya hapa, wamezaliwa hapa, na mmeona tunavyohama.

Ijumaa tunacheza ugenini, saa mbili usiku. Nitakuwa jukwaani upande wa winga yake ya kipindi cha kwanza, na chupa ya chai ya tangawizi, kwa sababu kahawa ya viwanja vile ni maji ya moto yaliyotiwa aibu. Maboksi ya ndizi ya mwaka jana sijayatupa. Nimeyakunja bapa nyuma ya mashine ya kufulia, kumi na manne. Mume wangu kila wiki ananiuliza kama ayapeleke kwenye pipa la karatasi, na mimi kila wiki namwambia asubiri tarehe 1 Machi.

Wenu,
Mama wa beki wa kulia